Mjusi Mwenye Mfuko

Kwa ninyi mliofungia samaki gazeti la wiki iliyopita, siwalaumu. Matatizo haya yangekuwa ya mtu mwingine, hata mimi ningefungia samaki.

Kwa kifupi, basi. Mume wangu ni mpiga video za harusi. Siku moja aliamka akasema amechoka kupiga watu wanaokata keki, sasa anataka kupiga dinosaria. Nilidhani ni homa. Nikampa maji, akanywa, akarudia maneno yale yale.

Mimi ni fundi cherehani. Nashona sare za shule na, msimu ukiruhusu, magauni ya maharusi. Kwa hiyo dinosaria alishonwa na nani? Msijisumbue kukisia. Nilimshona kwa godoro la chumba cha wageni, turubai la kijani lililokuwa likifunika kuni, na mapazia tuliyopewa na mama mkwe siku ya harusi yetu. Meno nilikata kwenye madumu ya mafuta. Kucha ni vijiko vya plastiki.

Na kwa kuwa mkono uliozoea sare za shule haujui mambo mengine, nilipofika ubavuni nikamshonea mfuko. Mfuko wa kaptula, wenye pindo, imara kabisa. Nilishtuka nimeshamaliza. Dairekta, maana ndivyo mume wangu anavyoitwa sasa mtaa mzima, akautazama akasema, "Uache tu, hautaonekana."

Ukaonekana.

Aliyeingia ndani ya mjusi ni shemeji yangu, mdogo wake Dairekta, fundi magari. Katika tukio kubwa kuliko yote, mjusi akiwa anabomoa jiji zima la maboksi ya viatu, simu ya shemeji ikalia. Mteja. Mjusi akaacha jiji, akaingiza kucha mfukoni, akatoa simu, akasema kwa sauti iliyosikika vizuri kuliko maneno yote ya filamu ile: "Usiguse betri! Nakuja!"

Halafu akaendelea kubomoa.

Kurudia hakukuwezekana kwa sababu jiji lilikuwa limekwisha. Dairekta akasema ataweka ngurumo juu yake. Akaweka. Betri ikabaki inasikika.

Tena kompyuta yake ya kuunganishia picha haijui kitu zaidi ya harusi. Kwa hiyo mjusi wetu anaingia kwa mwendo wa kinyonga, maua ya waridi yakimdondokea kichwani. Kila akimla mtu, picha inajifunga kwa umbo la moyo mwekundu.

Filamu ikaitwa Mjusi wa Kiama. Siku ya kwanza ya kuonyeshwa, ukumbi wa pale kona ulijaa hadi madirishani. Dairekta tumbo lilimkata kwa wasiwasi, akabaki nje amekalia kreti la soda. Mimi niliingia.

Watu walicheka, ndugu zangu. Walicheka mpaka bwana mmoja akaanguka kutoka kwenye benchi. Zipu ya mgongoni ilipoonekana walipiga kelele, "Zipu! Zipu!" Maua yalipodondoka wakapiga vigelegele. Nami, mke wa mtu, nilicheka mpaka machozi yakanitoka.

Nilipotoka, Dairekta alikuwa amesimama, midomo imemkauka. Alikuwa amesikia kelele tu.

"Wameogopa?" akaniuliza.

Mngelimwona uso wake, nanyi mngesema nilichosema.

"Wameogopa sana. Kuna mmoja ameanguka."

Hapo ndipo mimi nanyi tulipoachana wiki iliyopita. Sasa sikilizeni uongo unavyozaa.

Asubuhi iliyofuata Dairekta alivaa shati lake la harusini, akaenda kugonga mlango wa jirani.

"Samahani sana kwa ajili ya mtoto," akamwambia mama wa mle ndani. "Najua hakulala."

"Amelala vizuri tu," mama akajibu. "Mpaka nimemwamsha kwa maji."

"Anaficha. Watoto huwa wanaficha. Mwachieni taa."

Akaenda nyumba ya pili kuomba radhi. Na ya tatu. Jioni nikakuta amebandika tangazo mlangoni pa ukumbi: wajawazito, wenye moyo dhaifu na waliofiwa karibuni wasiingie bila mtu wa kuwashika. Watu walilisoma wakashikana, si kwa hofu. Nikajisemea, itapita. Mwanamume akifurahi hudumu wiki moja, kisha hukumbuka bomba linavuja.

Haikupita. Katikati ya wiki, akipaka mkate siagi, akatoa habari.

"Jumamosi mchana naingia ndani."

"Ndani ya wapi?"

"Ukumbini. Nikae na watu. Nataka kuona wanaogopa zaidi wapi, sehemu ya pili niongezee hapo hapo."

Chai ikanipalia.

"Na tumbo lako?"

"Limepona. Halafu nimemwalika mama."

Hapa inabidi niwaeleze mama mkwe ni nani, msije mkadhani nalia bure. Mume wangu aliacha chuo cha uhasibu akashika kamera. Tangu siku hiyo mama yake hajamwuliza kazi inaendaje. Akija kwetu anamwuliza, "Bado unazungukia sahani za watu?" Video ya harusi yetu aliitazama akiwa anapepeta mchele, na macho aliyaacha kwenye mchele. Na tangu baba mkwe afariki, hata tabasamu amelifungia kabatini pamoja na sahani nzuri. Nilijaribu vichekesho vyangu vyote, nikaishia kuchekea mwenyewe.

"Mama atakuja?" nikauliza, nikiomba kimoyomoyo awe amekataa.

"Amesema mtu aliyezika mume haogopi mjusi. Lakini anakuja." Akaweka kisu chini. "Fundi, nataka asikie hizo kelele. Mara moja tu. Asikie watu wakimtetemekea mtoto wake."

Mume wangu ana mvi ndevuni, ila akitaja mama yake anarudi darasa la pili. Nilijua watu wakicheka Jumamosi mbele ya yule mama, nimempoteza. Sisemi angekufa. Angerudi kwenye keki zake kimya kimya, akaiweka kamera juu ya kabati, na mimi ningeishi na mpangaji mwenye heshima.

Ningesema ukweli pale pale, chai ikiwa bado moto. Wahenga wamesema njia ya mwongo ni fupi. Hawakusema kwamba mwongo mwenyewe, akiona inakwisha, anaanza kuirefusha kwa mikono yake.

Nikaenda kwa mwenye ukumbi. Nilimkuta anafagia maua yaliyonyauka.

"Kaka, nina ombi. Jumamosi watu wasicheke."

Ufagio ukasimama.

"Dada yangu, hawa wanarudi kila onyesho. Wanajua maneno yote kwa moyo. Haya maua unayoyaona wanakuja nayo kutoka makwao, wanamrushia mjusi akiingia. Wasipocheka, watafanya nini humu?"

"Waogope."

"Waogope nini? Kijiko?"

Nikaondoka. Lakini njiani nikakumbuka kwamba shule zinafunguliwa Jumatatu, na sare za nusu ya mtaa ziko mezani kwangu, hazina mikono.

Msinitazame hivyo. Kila mtu hupigana kwa silaha aliyonayo.

Wa kwanza kuingia mtegoni alikuwa kinyozi, aliyefuata mashati ya wanawe.

"Yako tayari?"

"Yako tayari mkono mmoja mmoja," nikamwambia. "Jumamosi unakwenda kumtazama mjusi?"

"Nitakosaje! Nakwenda na mama mwenye nyumba wangu, nimeshamzoesha filamu hii."

"Basi mikono ya pili inakutegemea. Hebu ogopa nikuone."

"Niogope nini?"

"Mjusi. Yule pale, karibu na pasi."

Kinyozi akaitazama pasi. Akasema, "Ai," kama mtu aliyekanyaga palipolowa.

"Ndivyo unavyoogopa? Nyumba yako ikiungua utasema 'ai'?"

Tukarudia. Tulirudia mpaka akaanza kuipenda kazi, akataka kujua kama mjusi huyo amewahi kumla ndugu yake, ili apate uchungu. Nikamwambia amemla mjomba. Akatoa yowe zuri sana.

Akaja mwalimu wa hesabu kuchukua blauzi za binti zake.

"Nipige kelele kabla askari hajaliwa, au baada?"

"Wakati anapoliwa, mwalimu."

"Wakati si kipimo. Nipe kabla au baada."

Mama muuza mikate ndiye aliyenipa moyo. Alipiga yowe moja tu, la majaribio, na majirani wakaja mbio na ndoo za maji. Nikamshonea mikono yote miwili siku ile ile, na vifungo nikamzawadia.

Mpaka Ijumaa nilikuwa nimepima mayowe mengi kuliko viuno. Kila mtu niliyemkabidhi sare pungufu alijua zamu yake: maua yakidondoka, piga kelele, mtu akiliwa, fumba macho, simu ikilia mfukoni, kunja uso utetemeke. Na atakayecheka, mtoto wake atakwenda shule na fulana.

Jumamosi ikafika. Mjusi alikuwa amesimamishwa mlangoni pa ukumbi kama tangazo, kichwa kimeegemezwa ukutani. Mama mkwe akaja na mwavuli na mkoba wake wa msibani. Akamzunguka mjusi taratibu. Akaushika mkia.

"Haya si mapazia yangu?"

"Ndiyo, mama."

"Niliwapa mfunike madirisha."

"Yamepata kazi kubwa zaidi, mama."

Alinitazama kitambo kile ambacho wakwe wote mnakijua. Kisha akaingia, akaketi mstari wa mbele, mkoba mapajani. Dairekta akakaa kulia kwake. Mimi nikakaa nyuma yao, niwe karibu na balaa.

Taa zikazimwa.

Jina la filamu likatokea tu, ukumbi mzima ukapiga yowe. Dairekta akamgeukia mama yake, uso umemng'aa. Mama mkwe akanyoosha sketi.

Shujaa wa filamu akaingia, akanywa maji kwenye glasi. Yowe.

"Hapo mbona bado hakuna kitu?" Dairekta akaninong'oneza.

"Wanajua kinachokuja."

Tangazo la saluni lililowekwa katikati likatokea. Mama muuza mikate akalia kama aliyepokonywa mtoto. Kinyozi akajitupa chini, akabaki huko huko. Mwalimu wa hesabu alipiga yowe sekunde ile ile askari anapoingia mdomoni, kisha akageuka kunitazama, akisubiri maksi.

Mjusi akaingia kwa mwendo wa kinyonga, maua yakimdondokea. Hakuna aliyepiga kigelegele wala kurusha ua. Niliwaona watu wameyakumbatia maua yao magotini kama watu waliokosa mgonjwa wa kumtembelea.

Na mayowe, jamani, ni kama chumvi. Baada ya muda yakawaishia. Koo zikakauka. Ukumbi ukawa kimya.

Ndipo nilipoiona filamu ya mume wangu kwa mara ya kwanza. Ni ndefu. Watu wanatembea kutoka mlango hadi mlango. Kuna mahali jua liko kulia, mtu akigeuka linakuwa kushoto. Jiji linatikisika kabla mjusi hajalifikia. Siku zote zile kicheko ndicho kilichokuwa kinabeba vitu hivi vyote, nami nilikuwa nimekipiga marufuku. Watu wale walimpenda yule mjusi, na zipu yake na vijiko vyake. Walimrushia maua. Nilichowakataza ni kumpenda, na nilipolielewa hilo nilihuzunika kweli.

Dairekta naye alikuwa anasinyaa kwenye kiti.

"Wamechoka," akaninong'oneza bila kugeuka. "Fundi, mbona wamechoka?"

Mama mkwe akafungua mkoba, akatafuta kitu, akafunga.

Halafu simu ikalia.

Kwenye filamu, namaanisha. Mjusi akaacha jiji. Nilisikia ukumbi mzima ukivuta pumzi na kuibana. Kinyozi, kule chini, alikuwa ameingiza kofia mdomoni. Mabega ya mwalimu yalikuwa yanacheza peke yake. Mama muuza mikate alijifunika kanga uso mzima, na ile kanga ilikuwa inatetemeka sawasawa na nilivyomfundisha, ila si kwa sababu niliyomfundisha. Kucha zikaingia mfukoni.

Sauti ikatoka mstari wa mbele. Nilidhani ni kikohozi.

"Anatoa simu," mama mkwe akasema. Akasogea mbele kwenye kiti. "Mjusi anatoa simu. Ana mfuko! Kwenye mapazia yangu!"

Akacheka.

Sijawahi kusikia kicheko kama kile. Kilianzia chini kabisa, kikiwa na kutu, kikapanda, kikamtikisa mpaka mkoba ukaanguka. Na ukumbi ukapasuka. "USIGUSE BETRI!" wakaimba wote kwa pamoja na mjusi, "NAKUJA!" Maua yakaruka juu. Mwalimu wa hesabu alikuwa anampiga mgongoni mtu asiyemjua. Mambo ya sare yalishasahaulika.

Dairekta akasimama.

"Simamisha."

Picha ikaganda, mjusi ameweka simu sikioni. Taa zikawashwa. Mume wangu alikuwa mbele ya watu wote, nusu ya picha ya mjusi imemwangukia shatini.

"Mama," akasema. "Umecheka."

"Nimecheka." Mama mkwe alikuwa anajifuta macho kwa ncha ya kitambaa. "Sijacheka hivi tangu tumzike baba yako. Kaa chini, unanizibia."

Ukumbi ukacheka tena. Yeye hakucheka.

"Na ninyi? Siku ile ya kwanza, mliogopa?"

Watu wazima wakaanza kukagua viatu vyao. Kinyozi ndiye aliyeinuka kutoka sakafuni, vumbi kifuani.

"Dairekta, tungesema. Lakini watoto wangu hawana mikono."

"Hawana nini?"

"Mashati yao. Tumeambiwa atakayecheka..."

Vichwa vyote viligeuka. Nimewahi kutazamwa na umati namna hiyo mara moja tu, nikiwa nimevaa shela, na siku ile ilikuwa raha.

"Fundi," mume wangu akasema. Alisema taratibu sana. "Siku ya kwanza waliogopa?"

Nilikuwa na uongo mwingine umeshafika ulimini, mzuri, umepigwa pasi. Nikaumeza.

"Walicheka," nikasema. "Tangu mwanzo mpaka mwisho. Hata mimi nilicheka."

Alitikisa kichwa kama mtu anayepokea pole. Kisha akamgeukia mwenye ukumbi.

"Washa. Rudisha pale mjusi anapoingia."

Akaketi, lakini alikigeuza kiti. Akaipa filamu yake mgongo, akawatazama watu. Kwenye harusi ndivyo anavyofanya. Wenzake wanapiga keki, yeye anapiga nyuso za waliokuja. Akamtazama kinyozi akirusha maua. Akamtazama mwalimu. Zaidi alimtazama mama yake, ambaye sasa alikuwa amejifunza maneno na kuyasema kabla ya mjusi. Niliona midomo ya mume wangu ikitetemeka, halafu nikamwona anacheka. Kidogo, kwa pua, lakini alicheka.

Moyo wangu ukashuka mahali pake. Nikasema, tumepona. Hata nilianza kupanga namna ya kuwaandikia mwisho mtamu wiki hii, ili wauza samaki wakose karatasi.

Kumbe nilifurahi mapema.

Filamu ilipokwisha watu walimzonga. Sehemu ya pili lini? Mjusi ataoa? Akawajibu mmoja mmoja, kwa adabu. Mama mkwe akamshika mkono mbele ya watu wote, jambo ambalo mimi sijaliona tangu niolewe.

"Ya pili," akamwambia, "mifuko iwe miwili."

"Sawa, mama."

Nikatangulia mlangoni kumngojea, nimekikumbatia kichwa cha mjusi kwa furaha. Akaja. Hakunitazama. Alimlaza mjusi chini, akaingiza mguu mmoja, akaingiza wa pili.

"Unafanya nini?"

"Godoro la wageni limo humu. Naenda kulala kwa mama."

"Mume wangu, si ulikuwa unacheka sasa hivi?"

"Nilikuwa nacheka. Wale hawana kosa." Akapandisha turubai kiunoni. "Mtaa mzima ukinicheka, naweza. Leo nimejua naweza, tena ni kitu kizuri, sikujua. Lakini wewe umelala na mimi chumba kimoja miaka yote hii, na ukaamini siwezi. Ukawafanyisha watu mazoezi kama vile nyumbani kuna mgonjwa."

"Nilikuwa nakulinda."

"Najua. Mama naye alikuwa ananilinda aliponikataza kamera."

Ningempa shati lenye mikono mitatu kama ingesaidia.

Akaingiza mikono kwenye kucha. Suruali yake ilikuwa imeshamezwa na mjusi, kwa hiyo simu akaitumbukiza pale palipobaki, kwenye mfuko wangu wenye pindo. Akageuka, akanipa mgongo.

"Nifunge zipu."

Zipu ile haifungiki na aliye ndani. Mimi ndiye niliyeiweka mgongoni. Nimewafunga maharusi wengi zipu, wakaenda zao nami nikarudi kwenye cherehani nikiimba. Ya mume wangu ilikwama katikati, pale inapokwama siku zote. Nikabana kitambaa kwa vidole viwili, nikaivuta polepole kuliko ilivyohitaji, mpaka ikafika shingoni. Nikamvika kichwa.

"Asante, Fundi," mjusi akasema, kwa sauti ya ndani ya godoro.

Akaondoka. Ilikuwa mchana mweupe, mtaa mzima uko nje. Mkia niliouzungushia pindo mwenyewe ulikuwa unaburuta vumbi, na mama mkwe anatembea pembeni chini ya mwavuli. Watoto wakawafuata wakipiga kelele, "Usiguse betri! Usiguse betri!" Akawapungia kijiko. Kwa mbali ungesema ni mjusi mwenye furaha kuliko wote duniani. Mimi peke yangu nilijua aliyemo ndani ana uso gani, nami ndiye niliyemfungia humo.

Walikuwa wanakaribia kona. Nikatoa simu yangu, nikampigia.

Ikalia. Niliisikia kutoka pale nilipokuwa, inalia mfukoni mwa mjusi. Mjusi akasimama katikati ya barabara. Watoto wakanyamaza ghafla, maana kipande hiki wanakijua. Mama mkwe akafunga mwavuli, akageuka kunitazama.

Kucha zikaingia mfukoni. Zikaitoa simu, mjusi akaiinamia kusoma ni nani anayepiga, na mtaa mzima ukasubiri aseme.